Nani Kayala Majani ya Makere

Josué alitoka Shabunda, na kama hujawahi kukutana na mtu wa Shabunda, ngoja kidogo tu, atakwambia mwenyewe. Alikuwa na miezi michache kambini Nyarugusu, lakini karibu kila mtu wa kanda yake alikwisha kuzisikia habari za msitu wa kwao kule Kongo: kwamba mvua yao haiishi, inapumzika tu, kwamba jua la saa sita likifika chini ya miti linakuwa limechoka, kwamba mtu anaweza kutembea mpaka viatu vimwishie miguuni na bado asione mwisho wa kijani. Huku Kasulu, alisema, hakuna msitu. Kuna kuni zilizosimama. Na hilo alilisema kwenye soko la pamoja, mbele ya Waha wenyeji, akinywa chai ya Muha, na hakuna aliyemgusa. Watu wetu wana subira, acheni tu.

Sasa huyu Josué alimpenda Therese. Si kupenda kwa mzaha. Alikuwa akimwona anapita na ndoo yake ya maji anasahau neno alilokuwa anataka kusema, na kwa mtu mwenye maneno kama yeye, huo ni ugonjwa. Therese naye alimpenda, alikuwa anajificha kucheka nyuma ya kanga kila akimsikia anaanza hadithi za mvua. Kikwazo kilikuwa mama yake Therese, Mama Sophie.

Mama Sophie alitoka msitu uleule, na alifika kambini mwezi uleule. Alikuwa mwanamke mnene, mwenye goti bovu na ulimi mzima. Kwake mwanamume hapimwi kwa mbuzi wala kwa simu. Anapimwa kwa viwavi. Usicheke. Kule kwao viwavi ni kitoweo cha heshima, wanakaangwa kwa mawese, chumvi na pilipili, na mkwe anayejua kuwatafuta hawezi kuiacha nyumba ilale njaa. Tangu avuke ziwa, Mama Sophie hakuwa amekula viwavi wa maana. Wale wakavu wanaopimwa kwa kikombe sokoni alisema ni misumari yenye miguu. Hamu ile ilimtia uchungu wa kweli, kuna siku alikuwa anakaa mlangoni anakumbuka sufuria ya marehemu mamaye, anatoa machozi.

Mwingine aliyemtaka Therese alikuwa Kalunga. Huyu aliletwa kambini akiwa mtoto wa kubebwa mgongoni, akakulia hapohapo. Alikuwa na baiskeli, miwani ya jua, na sola ya kuchajia simu za watu. Alimpelekea Mama Sophie sukari mara kwa mara, na Mama Sophie aliipokea, maana sukari ni sukari, lakini alisema kijana aliyekulia kwenye mgao hawezi kutofautisha mti uliokaliwa na viwavi na mti usio nao.

Hapo inabidi nieleze jambo, maana bila hilo hadithi haitembei. Katika msitu wa kina Josué miti haivui majani yote kwa pamoja. Jani moja linaanguka leo, lingine kesho, na mti uko kijani mwaka mzima. Ukiona mti umebaki matawi matupu, na ukiukwaruza gome ukakuta ndani kuna ubichi, basi jibu ni moja tu: viwavi wamepanda, wamekula, wameshiba, na sasa wanashuka kujizika shinani. Aliyeuona wa kwanza anachuna ugwe wa gome, anaufunga fundo kwenye shina, na tangu hapo mti ni wake. Watu wa kule wamegombania mashamba, wamegombania hata viti vya mbele kanisani, lakini fundo la viwavi hakuna aliyewahi kulifungua.

Basi mwishoni mwa mwezi wa nane, kiangazi kimekolea, vumbi na moshi vimeziba milima, Mama Sophie akamtuma Josué akakate nguzo za kutengenezea jiko lake. Josué tangu afike hakuwahi kwenda kwenye pori letu. Alilidharau. Kuni alikuwa ananunua kwa wamama wanaopita nazo. Siku hiyo akachukua panga, akapanda mpaka kwenye kilima upande wa Makere, akafika juu, akainua macho.

Miti yote ilikuwa mitupu. Si mti mmoja, si kumi. Mlima mzima, na mlima wa nyuma yake, na ule wa nyuma kabisa unaokaribia Burundi. Hakuna jani. Na chini hakukuwa na jani vilevile, maana moto wa kiangazi ulikuwa umeshapita ukafagia kila kitu, yamebaki majivu. Josué akasogelea mti wa kwanza, akakwaruza gome. Ndani mbichi. Akakwaruza wa pili. Mbichi. Akavua kofia.

Alilia, maskini. Alisimama katikati ya miyombo yetu akilia kwa furaha, kwa sababu alielewa kwamba yuko mbele ya viwavi wengi kuliko wote walioliwa na ukoo wake tangu ukoo uanze. Yale majivu nayo hayakumsumbua. Alijiambia wenyeji wamewasha moto ili viwavi washuke haraka, na kama wengine wamekwisha kuiva, basi kazi ya kupika imepungua.

Akaanza kufunga mafundo. Magome ya kiangazi hayachuniki, yanakatika, kwa hiyo alitumia kamba aliyokuja nayo ya kufungia nguzo. Ikaisha. Akachana shati, ni lile la njano lenye maua, alilokuwa akivaa Jumapili na siku nyingine zote. Likaisha. Akaingia kwenye miguu ya suruali. Alirudi kambini bila nguzo, bila shati, na suruali imegeuka kaptura, mguu mmoja juu mwingine chini, na watu wa kanda yake wakajua ama ameibiwa ama ameokoka.

Mama Sophie hakuwa mtu wa kudanganywa ovyo. Alimkalisha kigodani akamhoji. Je, ile miti haijafa? Josué akasema amekwaruza, ni mibichi. Je, hakuna iliyokatwa? Hakuna. Je, ni aina moja ya mti au mbalimbali? Mbalimbali, mama, wamekula bila kuchagua. Wataalamu wawili wa msitu, waliobobea, wakakaa wakapima kila upande, na wakafika kwenye jibu moja kwa pamoja.

"Mama, pori yote imekulwa," Josué alisema. "Milima na milima."

Mama Sophie akasimama, akasahau goti, akacheza. Alitangaza hapohapo kwamba Jumamosi ya wiki inayofuata kutakuwa na karamu, na kwamba Josué akileta viwavi kama alivyosema, atapewa Therese, mahari itasubiri mpaka amani irudi kwao. Asipoleta, basi: Jumamosi hiyohiyo mjomba wake Kalunga alikuwa ameomba kuja kwa mazungumzo, na Mama Sophie alisema atamsikiliza. Therese aliposikia hivyo aliacha kucheka. Alimwangalia Josué usoni, akamwuliza kama ana uhakika. Josué akamjibu kwamba hajawahi kuwa na uhakika hivyo maishani mwake, na maskini alikuwa anasema kweli.

Kalunga alikuwepo, ameegemea baiskeli. Yeye alikuwa ameona miti ya Makere ikipukutika kila kiangazi tangu ana akili zake. Neno moja tu lingetosha. Unajua alisema nini? Alimwuliza Josué kama magunia yatatosha.

Magunia yakatoka kwa Faudhia, mwenye duka la vyakula sokoni, mama wa Kasulu mjini mwenye ndugu Ujiji. Aliyatoa pamoja na chumvi, huku amefunika pua kwa ushungi, akauliza kama hao wadudu wana macho. Alipoambiwa wanayo, alisema magunia yasirudishwe. Faudhia huyo angeulizwa kama miti huku kwetu hupukutika kiangazi angejibu ndiyo, mbona hata mtoto anajua. Lakini nani anamwuliza mwenye duka swali kama hilo?

Josué akaenda kuchimba. Siku ya kwanza alichimba shina baada ya shina, akapata mchwa. Akajiambia huku udongo ni wa moto, wameingia chini zaidi. Siku ya pili akachimba mpaka kiunoni. Alipata jiwe, na mzizi, na kifuniko cha chupa ya soda. Siku ya tatu alikuwa ndani ya shimo, kichwa tu kinaonekana, anaimba ili viwavi wasiogope, alipoona miguu ya mtu ukingoni.

Ilikuwa miguu ya Tharsisi, Muha wa kijiji cha jirani, mrina asali, mwenye mizinga yake juu ya miti ileile. Tharsisi alikuja amekasirika. Vitambaa vya njano kwenye miti vilikuwa vimevuruga kijiji kizima. Wengine walisema serikali inapima, maana kambi ya Mtabila ilikuwa imefungwa mwaka uliotangulia na sasa watakuwa wanatafuta mahali pa kambi nyingine. Wengine walisema ni barabara ya lami. Shemeji yake alikwisha kuanza kupanda migomba kwenye mstari wa vitambaa ili barabara ikija alipwe fidia. Na sasa Tharsisi amefuata vitambaa hivyo, amekuta mtu kifua wazi anaimbia shimo.

Akamwuliza amepoteza nini. Josué akamsalimia kwa adabu zote, akamwita papa, kama wanavyomwita baba kwao, akasema hajapoteza, anawatafuta waliokula majani.

"Majani gani?"

"Ya hii miti yote, papa."

Tharsisi akaangalia juu, akaangalia chini. "Hakuna aliyekula. Yameanguka."

"Yote?"

"Yote. Kila mwaka yanaanguka. Kiangazi."

Josué akatoa kichwa zaidi. Alikuwa anamwonea huruma huyu mzee, kwa jinsi anavyodanganya vibaya. Miti milima yote, ikubaliane, iangushe kwa wakati mmoja?

"Nani aliyaambia?" akauliza.

Tharsisi aliitazama milima mmoja baada ya mwingine, kama anayemtafuta aliyeyaambia. Ndipo alipoanza kucheka. Alicheka mpaka akakosa pa kushika, akateleza, akaingia kwenye shimo la pili, akaendelea kuchekea humohumo. Alipopata pumzi akaeleza vizuri, bila kumdhihaki: viwavi wapo, hata Waha wengine wanawafahamu, lakini wanakuja na mvua, majani yakishakuwa makubwa, kuelekea Noeli. Sasa hivi hata ukichimba mpaka Kigoma hupati kitu. Akamwonyesha bonde ambalo moto haukufika. Majani makavu yamejaa, yanafika vifundoni. Josué akaokota moja, akaligeuza. Halikuwa na jino hata moja.

Aibu ilimshika mwili mzima. Alirudi kambini, akajifungia kwenye nyumba yake ya turubai, akasema anaumwa. Therese alipokuja mlangoni kumwuliza anaumwa nini, alisema tumbo, halafu akasema kichwa, halafu akasema vyote. Alifikiria kutoroka aende Kibondo, akabadili jina, akauze karanga. Lakini Kibondo nayo ina miti, na miti imeshamwonyesha. Na Therese je? Kila akifikiria Jumamosi inapita yeye hayupo, na mjomba wa Kalunga amekaa kwenye kile kigoda, alikuwa anavua tena viatu alivyokwisha kuvaa.

Jumamosi ikafika. Mama Sophie alikuwa amealika kwaya, mchungaji, na kila mtu aliyewahi kuonja kiwavi. Kila mgeni alikuja na sahani yake. Mawese yalikuwa yanachemka. Kalunga alikuja na miwani, na mjomba, na sahani kubwa kuliko zote. Josué akatokea amevaa shati la kuazima, magunia yamekunjwa kwapani, matupu.

Akasimama mbele ya Mama Sophie akasema ukweli. Hakupunguza, hakuongeza, na kwa mtu wa Shabunda hilo lilimgharimu. Alisema hakuna viwavi. Alisema miti ya huku inavua majani yenyewe, yote, kila mwaka, na hakuna anayekula.

Mama Sophie uso ulibadilika, na haikuwa hasira kwanza, ilikuwa huzuni. Alikuwa amelala na kuamka na ile sufuria kwa wiki nzima.

"Josué," alisema polepole, "mimi nilizaliwa porini. Kama ulishindwa, ungesema umeshindwa. Lakini usiniambie muti inavua nguo. Unanifanya mimi mtoto?"

Josué akamwomba aende akaone kwa macho yake. Siku si nyingi alikuwa huko, matawi matupu, hakuna mdudu, ataona mwenyewe. Mama Sophie akasema haya, twende, na nikikuta uongo, mjomba wa Kalunga ataanza kuzungumza hukohuko mlimani. Wakamkalisha kwenye kerea ya baiskeli ya Kalunga kwa ajili ya goti, Kalunga akasukuma, jasho linamtoka ndani ya miwani, na kwaya ikafuata na sahani. Josué alitangulia mbele, moyo umeanza kutulia. Angalau utupu ule hauwezi kukimbia.

Wakafika juu ya kilima. Josué akainua mkono kuonyesha, akauacha hewani.

Milima ilikuwa na majani. Majani mapya, laini, na yalikuwa mekundu. Mengine rangi ya mawese, mengine rangi ya damu, mlima baada ya mlima, na tone la mvua lilikuwa halijaanguka. Josué akakaa chini mavumbini. Alikuwa hajui tena mti ni kitu gani.

"Mitupu?" akauliza Mama Sophie.

Mjomba wa Kalunga akakohoa, kama mtu anayejiandaa kwa hotuba.

Therese alikuwa amesogea kwenye mti, ameinama. Kwenye shina kulikuwa na kitambaa cha njano chenye maua, kimefungwa fundo. Na mti wa pili ulikuwa nacho. Na wa tatu. Akafuata mafundo ya lile shati la Jumapili mpaka kwenye mafundo ya suruali, na kati yake mashimo, mashimo, mashimo, ya mtu aliyechimba kwa moyo wake wote. Alisimama pale akalitazama shimo la mwisho, akashika mdomo.

Wakati huo Mama Sophie alikuwa ameshuka kwenye baiskeli, ameegemea mti mmoja mkubwa nyuma ya kilima, ambao Josué hakuwahi kuufikia, uliochelewa wenzake, bado una majani yake ya zamani. Jani likamwangukia kwenye kilemba. Akalitoa, akaangalia juu kutafuta nyani. Hakuna nyani. Likaanguka lingine, begani. Akahama. Likamfuata la tatu. Upepo haukuwepo, kiwavi hakuwepo, mtu hakuwepo. Mama Sophie akalishika lile jani, akalichunguza kingo zote kama alivyofundishwa na mamaye, halafu akauangalia mti machoni, kama mti una macho.

"Nani amekuambia?" aliuuliza.

Hapo Kalunga akashindwa kujizuia. Alicheka mpaka miwani ikashuka puani.

"Aah, mama, mbona ni kila mwaka," akasema. "Mimi naona hivyo tangu utoto."

Kicheko chake kilibaki peke yake hewani. Kwaya nzima iligeuka, sahani mkononi. Mchungaji aligeuka. Hata mjomba wake aligeuka, na taratibu akasogea upande mwingine.

"Kila mwaka," Mama Sophie akarudia. "Ulijua. Wiki nzima ulijua, na ukaja na sahani?"

Kalunga akaitazama sahani yake. Ilikuwa kubwa kweli. Mama Sophie akamgeukia Josué aliyekuwa bado amekaa mavumbini, akamwambia alikuja na uongo usioaminika kumbe ni kweli, wakati mwenzake alikaa na ukweli mfukoni amenyamaza. Akasema anahitaji kufikiri. Ni jambo kubwa, alisema, mtoto wa kike si kikombe cha sukari, na viwavi bado hajawaona.

Therese hakungoja afikiri. Alichana pindo la kanga yake, ugwe mrefu, akamwendea Josué pale chini, akamshika mkono wa kulia, akamfunga kwenye kifundo cha mkono fundo moja, akalikaza. Watu wa msituni wote waliokuwepo waliliona na wakalielewa, na mama mmoja wa kwaya akashusha sahani.

"Wewe," alisema Mama Sophie. "Nani amekuambia ufunge?"

"Hakuna aliyeniambia, mama," alisema Therese. "Nimefunga mwenyewe."

Mama Sophie akalitazama fundo. Akalitazama jani lililokuwa bado mkononi mwake. Kisha akarudi kwenye baiskeli, akapanda kerea, akamwambia Kalunga asukume taratibu, huko kuna mteremko. Alisema maharage yapo, yatakaangwa kwa yale mawese, na viwavi wataliwa Noeli kwenye harusi, na kama kuna mtu anataka kulifungua lile fundo aanze yeye, kwa sababu Mama Sophie hajawahi kufungua fundo la mtu na hana mpango wa kuanza leo.

Josué aliinuka wa mwisho. Alishuka mlima na Therese, mkono mmoja ameunyanyua juu kidogo usiguse chochote, na njia nzima mpaka kambini hakusema neno hata moja kuhusu Shabunda.